Ludmila, Aliyekuwa Lila Hart wa Pili

Ludmila Antonie Vondruska, binti wa Vaclav aliyepuliza tarumbeta kubwa la besi katika harusi na mazishi yote ya mji wetu wa Hradek kwa miaka thelathini na minane bila kukosa hata moja, hata mazishi ya mtu aliyemwibia nguruwe. Mjukuu wa Matej aliyeingia Nebraska na kodiani mgongoni na mabata bukini wawili kwapani, akachimba nyumba ndani ya udongo na kukataa kutoka humo mpaka mkewe alipomshikia shoka. Kitukuu cha Antonie aliyemzomea kasisi madhabahuni kwa kuimba ovyo, akafukuzwa, na Jumapili iliyofuata akarudi kukaa kiti cha mbele zaidi. Huyo ni dada yangu. Namtaja kwa jina lake lote kwa sababu watu wa kuanzia Omaha mpaka chini ya milima walimjua kwa jina jingine, na jina hilo halikuwa lake. Gauni halikuwa lake. Hata kimo cha sauti alichoimbia hakikuwa chake.

Nasikia sasa wajukuu wa watu waliomsema vibaya wanaandika habari zake katika kijitabu cha miaka mia ya mji. Wameandika kwamba alikuwa na "sauti ya chozi". Upuuzi mtupu. Nilikuwapo, na kichwa changu bado ni kizima.

Sauti ya Ludmila ilikuwa nzito. Tangu ana miaka kumi na mitatu, kwenye ukumbi wa chama cha Wacheki alikuwa akiimba chini ya wanawake wote na juu kidogo tu ya wanaume, na baba alimfundisha hivyo, akimpigia besi yake jikoni huku mama analalamika kwamba vikombe vinacheza kabatini. Ilikuwa sauti ya mtu asiye na haraka. Ukiisikia ulitaka kuketi.

Mwaka 1940, Jumapili moja ya Septemba, bendi ya Merle Ostrander ilikuja kupiga dansi ya alasiri ukumbini kwetu. Enzi zile bendi kama hizo zilizunguka nchi nzima ya mahindi kwa basi, leo hapa, kesho maili mia mbili, watu kumi na wanne wenye suti za rangi moja na harufu moja. Ostrander alikuwa mwembamba, masharubu kama mstari wa kalamu, na kijiti cha kuongozea ambacho hakuna mpigaji aliyekitazama. Siku hiyo alikuja bila mwimbaji. Msichana wake, Dolores, alikuwa ameshuka kwenye basi mji wa nyuma akaolewa na muuzaji wa matrekta. Mtu akamwambia Ostrander kwamba Vondruska ana binti anayeimba. Tukaitwa, mimi na dada, kwenye kichumba nyuma ya jukwaa.

Ludmila akafungua kinywa aimbe. Ostrander akamzuia kwa kiganja.

"Kiuno chako inchi ngapi, binti?"

"Bwana, tumeambiwa unatafuta mwimbaji," nikasema mimi, ingawa nilikuwa na miaka kumi na sita tu.

"Natafuta mtu wa kuingia kwenye gauni hili kabla ya saa kumi. Likimtosha gauni, nyimbo zitamtosha."

Akatoa gauni la kijani la atlasi, kitambaa cha kung'aa, bado lina poda ya Dolores kifuani. Likamtosha. Nilishusha pindo tu, vidole viwili, kwa sindano ya kuazima kwa mke wa bawabu.

"Unaitwa nani?"

"Ludmila Vondruska."

"Hapana. Unaitwa Lila Hart. Mabango yameshabandikwa mpaka Grand Island."

Kumbe Dolores naye aliitwa Lila Hart. Lila Hart hakuwa mtu, alikuwa koti la kutundika. Wazee wetu walisema nguo ya kuazima haisitiri matako, lakini nani angemwambia hivyo msichana wa miaka kumi na tisa anayeona basi limewasha injini?

Sasa nieleze jambo moja, maana ndilo lililomla dada yangu. Kila wimbo wa bendi huandikwa kwa kimo cha sauti ya mwimbaji, na kila mpigaji ana karatasi yake. Watu kumi na wanne, karatasi kumi na nne. Ukitaka kumshushia mwimbaji wimbo, lazima karatasi zote kumi na nne ziandikwe upya kwa mkono, na nyimbo za Ostrander zilikuwa tisini. Zote zilikuwa zimeandikwa kwa Dolores, aliyekuwa na kisauti cha juu chembamba, kama birika linaloanza kuchemka. Ludmila alipokezwa nyimbo zile kama alivyopokezwa gauni, ila mimi nilishusha pindo, na nyimbo hakuna aliyezishusha.

Wiki ya kwanza alimwendea mpiga piano, Elwood Pye, bwana mmoja mpole mwenye miwani minene ambaye ndiye aliyeziandika karatasi zile.

"Bwana Pye, nishushie kidogo tu. Hapo juu sipo mimi."

"Mimi piano naweza kuishusha sasa hivi, dada, kwa kichwa tu. Lakini hao kumi na watatu wanasoma kilichoandikwa. Nikishuka peke yangu tutasikika kama ajali ya treni."

"Basi waandikie upya."

"Muulize mwenye bendi."

Akamuuliza mwenye bendi. Mwenye bendi akasema, "Dolores aliweza. Utazoea. Msimu ujao tutaona."

Msimu ukaja, tukaona hakuna kilichoonekana. Miaka tisa aliuliza, miaka tisa akajibiwa msimu ujao. Vita vikachukua nusu ya wapigaji, wakaletwa vijana waliokuwa hawajui hata kufunga tai, na karatasi zikabaki zilezile, zenye alama za kahawa na jina la Dolores limeandikwa pembeni kwa penseli.

Kazi yenyewe ilikuwa hivi. Bendi inapiga, yeye ameketi kwenye kiti mbele ya jukwaa, mikono magotini, anatabasamu. Dakika arobaini anatabasamu. Kisha anasimama, anaimba kipande cha katikati ya wimbo, anaketi tena kutabasamu. Aliniambia taya lilimuuma kuliko koo. Koo lilianza kuuma baadaye.

Na watu wakampenda! Hapo ndipo ninapochoka na binadamu. Kwa kuwa alikuwa anavuta sauti mahali isipofika, kila akifika juu ilibanwa, ikatetemeka, ikakaribia kukatika. Wakasema, ah, sikiliza, chozi! Mtangazaji wa redio wa Omaha akamwita msichana mwenye chozi kooni. Mapadri walimwandikia. Mjane mmoja wa Kearney alimtumia leso. Chozi gani? Lilikuwa koo la mtu anayenyongwa taratibu kwa muziki. Baba alipomsikia redioni mara ya kwanza alisema, "Nani huyo? Paka amekanyagwa?" Tukamwambia ni Ludmila. Akazima redio, akatoka kwenda kuwalisha nguruwe, na tangu siku hiyo akisikia jina la Lila Hart huondoka mezani.

Hapa Hradek, mama Sedlak, mwenyekiti wa kina mama wa chama, alikuwa amesema mbele ya watu, "Msichana anakaa kwenye kiti mbele ya wanaume mia tatu, mabega nje! Afadhali mama yake angezaa bata." Alisema hivyo mwaka 1940. Subirini.

Bendi ikafa mwaka 1949. Watu waliacha kucheza dansi, wakabaki nyumbani na watoto wao wachanga. Ostrander akauza basi, akanyoa masharubu, na kabla hujakohoa akawa mkuu wa muziki katika kituo cha televisheni kilichofunguliwa Omaha. Alichukua wapigaji sita, Elwood Pye akiwamo, makasha ya karatasi, na Lila Hart. Kipindi kikaitwa Adhuhuri na Lila. Mlipaji alikuwa Bwana Pruitt, mwenye kiwanda cha chakula cha kuku.

Nilikwenda mara mbili kumshonea, nikayaona kwa macho yangu. Nyumba nzuri inayoonekana ni karatasi ngumu iliyopakwa rangi. Taa zina joto la tanuri la mikate. Nguo nyeupe marufuku, inachoma kamera, kwa hiyo nilimshonea za manjano ambazo kwenye kioo cha televisheni zilionekana nyeupe. Mdomo wanaupaka kahawia kama mtu aliyekula udongo. Na kando yake, ndani ya tundu lenye utepe, kuku wa Bwana Pruitt, hai, kila siku. Dada alikuwa anaimba mapenzi huku kuku anamtazama kwa jicho moja. Hakuna kinachorekodiwa, kinachotoka kimetoka, hata ukipiga chafya. Nusu ya barua zilizokuja zilimsifu kuku.

Mama Sedlak sasa akawa anaitwa shangazi yake Lila Hart. Sikumwita mimi hivyo, alijiita mwenyewe. Televisheni ya kwanza Hradek ilikuwa dirishani mwa duka la samani la Bartos, na kila siku saa sita kamili kina mama walewale wa chama waliingia dukani "kuangalia bei ya viti", wakaketi kwenye viti hivyohivyo, na hakuna aliyenunua hata stuli.

Februari ya mwaka 1952 Ludmila alitema damu kwenye kitambaa. Alikwenda kwa daktari wa koo, peke yake. Daktari akamwangalia kwa kioo kidogo, akamuuliza kazi yake ni nini. Akamwambia. Daktari akataka aimbe kidogo, kisha aongee kidogo. Yule daktari alikuwa mtu wa kwanza katika miaka kumi na miwili kugundua kwamba anayeongea na anayeimba si mtu mmoja.

"Mama, unaimba kwa koo la nani?" akamuuliza. "Ukiendelea kupanda huko, ifikapo Pasaka hutakuwa na sauti ya kuitia mbwa. Shuka. Ukishuka utaimba mpaka uzeeni."

Dada akampelekea Ostrander habari hizo, nami nilikuwapo siku hiyo, pini mdomoni, namshikiza kiuno.

"Merle, sasa mko sita tu. Karatasi sita. Bwana Pye anasema atazimaliza kwa wiki tatu."

"Mrembo, Pruitt amenunua chozi."

"Nitapoteza sauti."

"Kila mtu hupoteza kitu. Mimi nimepoteza basi." Akacheka, mjinga yule, akajipapasa mahali palipokuwa masharubu. "Msimu ujao."

Dada akanigeukia. Akaniambia, "Albina, legeza hapo kifuani, nataka nafasi ya kupumua." Nikajua kuna jambo.

Alhamisi iliyofuata nilikuwa nimesharudi nyumbani. Saa tano na nusu simu ikalia. "Mpeleke baba kwa Bartos," akasema, kisha akakata.

Kumpeleka baba mbele ya Lila Hart haikuwa kazi ndogo. Nilimdanganya kwamba Bartos anauza misumari ya bei rahisi. Alipoona kioo kile na kina mama wamejipanga kwenye viti kama kuku wa Pruitt, aligeuka aondoke.

"Baba, nakuomba. Leo tu."

"Nimeshamsikia huyo mwanamke wenu," akasema. Lakini nje kulikuwa na barafu na goti lilimuuma, akaketi kwenye ukingo wa kitanda cha maonyesho, kofia kichwani.

Picha ilikuwa na mawimbi, ila ni yeye. Akataja chakula cha kuku kama kawaida, akampungia kuku. Bendi ikaanza mwanzo wa wimbo uleule uliompa jina, wimbo wa mvua na kituo cha treni, ambao mji mzima uliujua. Ilikuwa zamu yake kusimama. Akasimama. Kisha akanyanyua mkono kama polisi wa barabarani.

"Mabwana, asanteni. Pumzikeni," akasema. Tarumbeta likatoa sauti moja ya kushangaa, likanyamaza. "Bwana Pye, twende kwangu."

Pye akaanza upya, peke yake, chini. Chini sana. Na Ludmila akaimba.

Mimi nilikuwa sijaisikia sauti ile tangu tulipokuwa wasichana, na haikuwa imezeeka ila ilikuwa imekua. Hakuvuta kitu, hakubana kitu. Maneno yaleyale ambayo watu walikuwa wanayalilia, sasa ulielewa kwamba aliyesimama kituoni kwenye mvua hakuwa anamlilia mwanamume. Alikuwa anaamua kama atapanda treni.

"Yesu na Maria, ana mafua!" akasema mama Sedlak.

"Labda ni kioo, Bartos. Hebu kipige kidogo ubavuni," akasema mwingine.

Bartos akakipiga.

"Chozi liko wapi? Mbona hakuna chozi?"

"Ni pombe hiyo. Nimesema siku nyingi, hawa wa bendi ni pombe."

"Masikini mpwa wangu..."

"Nyamazeni, mabata nyie!" Alikuwa baba. Alisimama, goti na yote. "Miaka kumi na miwili mmemsikiliza paka. Binti yangu anaimba, fungeni midomo!"

Wakafunga. Mama Sedlak alifunga wa mwisho. Baba akabaki amesimama mpaka wimbo ukaisha, nami nikaona vidole vyake vinabonyeza hewa, anampigia besi.

Kwenye kioo mkono wa mtu ulipita mbele ya kamera ukifanya ishara ya kukata shingo. Alikuwa Ostrander. Lakini kinachotoka kimetoka.

Sasa kama mnangoja niseme kwamba nchi iliinuka ikampigia makofi, hamwajui watu. Barua zilikuja magunia. Lila anaumwa? Lila ameingiwa na nini? Rudisheni Lila wetu. Mjane wa Kearney aliandika kwamba anataka leso yake. Bwana Pruitt akasema kuku wake hawezi kukaa kando ya mwanamke mwenye sauti ya fundi bomba. Kufika wiki ya pili dada aliambiwa asije tena, na gauni la manjano alirudishe.

Jumatatu yake kipindi kikatoka kama kawaida, Adhuhuri na Lila. Msichana mwingine, mwembamba, nywele zimepakwa rangi ya Ludmila, gauni langu limepunguzwa pembeni kwa mishono ambayo ningeona aibu kuishona kwenye gunia. Akaitwa Lila Hart. Akapanda kwenye kimo cha Dolores, akabanwa, akatetemeka. Na mnajua barua zilisema nini? Pye mwenyewe alinionyesha. "Mpendwa Lila, tunamshukuru Mungu umepona."

Dukani kwa Bartos kina mama walirudi kwenye viti. "Unaona?" mama Sedlak akaniambia usoni, mimi ndugu wa damu. "Yalikuwa mafua tu."

Ludmila alirudi Hradek na sanduku moja. Akapata kazi ya kuunganisha simu, na miaka ishirini na sita mji mzima ulisema naye asubuhi hadi jioni. Sauti ile ile waliyoiita pombe wakawa wanasema inawatuliza moyo. Aliimba kwenye mazishi, akiwa chini ya wanawake na juu kidogo ya wanaume, na baba kando yake na besi mpaka siku yalipofika mazishi yake mwenyewe. Daktari hakumdanganya. Mwaka jana, na miaka yake sitini na saba, alimzika mama Sedlak kwa wimbo ambao ulinyamazisha hata watoto wachanga. Sijui kama marehemu alistahili. Nilimwambia dada hivyo. Akasema, "Kwani nilimwimbia yeye?"

Wageni walipomuuliza kama ndiye Lila Hart, alijibu, "Niliwahi kumvaa."

Binti yangu Zdenka anafundisha muziki katika shule ya wilaya. Wiki mbili zilizopita alikuja jikoni kwetu kula maandazi ya plamu, akaketi na mama yake mkubwa, akawa anasimulia habari za tamasha la masika. Amepata mwimbaji, alisema, Twila, mtoto wa wafugaji wa huko mtoni, ana sauti ya ajabu, nzito. Ataimba mbele ya bendi ya shule.

"Nzito," akasema Ludmila. Aliweka chini uma.

"Ila karatasi tulizonunua ziko juu kwake, mama mkubwa. Anajikaza kidogo hapo kwenye kiitikio. Atazoea."

Nikaona Zdenka amelisikia neno lenyewe likimtoka, akataka kulirudisha na halikurudika. Mimi nikajishughulisha na sufuria.

"Bendi yako ina watoto wangapi?"

"Ishirini na wawili. Mama mkubwa, tamasha ni baada ya wiki tano, na nina mitihani ya kusahihisha, na nyimbo ziko nne..."

"Ishirini na wawili mara nne. Themanini na nane." Aliihesabu haraka, yeye aliyeishia darasa la nane kama mimi. "Kesho, kabla hujamwambia aimbe, mwambie aongee. Mwambie akusimulie ng'ombe zao. Sikiliza anapoongelea, hapo ndipo kwake. Kisha unakaa, unaandika."

"Zote?"

"Zote. Kwa mkono wako, si wa mwanafunzi. Na juu ya kila moja uandike jina la mtoto, jina lake alilozaliwa nalo, kwa wino."

Zdenka alinitazama mimi, kana kwamba ningemwokoa. Nilimpa kalamu.

"Anza na za tarumbeta," Ludmila akasema, akivuta sahani ya maandazi kwake. "Hao ndio wenye malalamiko mengi."